Hiyo ngoma haijatoka, umeitoa wapi?

Unamjua huyu msee. Kila mtaa uko na wake. Mmekaa maskani mnapiga stori, mtu anaweka kibao kilichotoka jana usiku, kila mtu anatikisa kichwa, halafu yeye anaguna. "Hiyo si ndiyo. Mimi niko na ile ya kwanza, kabla hawajaiharibu." Anatoa simu, anapita folda ndani ya folda, anakuwekea ngoma ile ile lakini biti ni nyingine, ubeti wa pili haupo, na mahali pa korasi msanii anaimba "la-la-la" tu kwa sababu maneno yenyewe hayajapatikana bado. Unamwuliza, hiyo ngoma haijatoka, umeitoa wapi? Anacheka. Hakuambii.

Kwa karibu miaka mitano, huyo msee alikuwa mimi. Niko na diski ya terabaiti moja iliyojaa nyimbo ambazo wenyewe hawakuwahi kuzitoa. Na kuna moja humo ndani ambayo natamani singewahi kuigusa. Nitafika hapo. Lakini kwanza lazima uelewe vile mtu na akili zake timamu anaingia kwa hii maneno.

Mimi niliingia kupitia matanga.

Desemba 8, 2019, Juice WRLD alifariki karibu na Chicago, siku sita tu baada ya kutimiza miaka 21. Alipatwa na kifafa katika uwanja wa ndege wa Midway, na uchunguzi ukaonyesha ni dawa, oxycodone na codeine. Mimi nilikuwa nimemaliza KCSE wiki chache zilizopita, niko nyumbani sina kazi, simu imepasuka kioo, na ngoma zake ndizo zilikuwa zinanipitisha siku. Kama wewe ni wa rika langu sina haja ya kukueleza. Kama umenizidi umri, basi fikiria E-Sir. Yeye alitutoka Machi 16, 2003, kwa ajali ya barabarani akitoka Nakuru, naye akiwa na miaka 21. Binamu yangu mkubwa anakumbuka alikuwa wapi alipopata habari hizo, na mpaka leo E-Sir akilia kwenye redio anaongeza sauti bila kuomba ruhusa ya mtu.

Tofauti ni kwamba Juice WRLD alikuwa anarekodi kama mtu anayefukuzwa. Alikuwa haandiki. Anaingia studio, biti inachezwa, anafungua mdomo, wimbo unatoka, kisha biti inayofuata. Mwaka 2018 alienda kwa Tim Westwood kule London akachana mistari kwa zaidi ya saa moja mfululizo juu ya biti za Eminem, na video iko, unaweza kuitazama ukipata bando. Akiwa hai alitoa albamu mbili za peke yake na moja pamoja na Future. Alipokufa ikaripotiwa kwamba ameacha nyimbo zaidi ya 2,000 ambazo hazijatoka.

Sasa keti uwaze hapo kidogo. Msanii wako amekufa, unalia, halafu unaambiwa kuna nyimbo elfu mbili zake mahali. Hautazitafuta?

Mimi nilizitafuta. Usiku, kwa sababu bando ya usiku ndiyo ya bei ya chini. Nilianza na video za YouTube zenye majina yameharibiwa makusudi ili mtambo usizitambue, nikatoka hapo nikaingia grupu za Telegram, nikatoka Telegram nikaingia Discord, na huko ndiko nilijua kumbe kuna watu wamefanya hii kazi kama ofisi. Wako na jedwali kubwa la Google. Kila mstari ni wimbo mmoja. Kuna safu ya jina, safu ya prodyuza, safu ya tarehe wimbo ulirekodiwa, safu ya tarehe ulivuja, safu ya ubora wa sauti. Nyimbo zimepangwa kwa enzi, kila albamu na enzi yake, hata albamu ambayo haikuwahi kutoka iko na enzi. Rangi moja ni ya wimbo uliovuja mzima, nyingine ni ya wimbo ambao kuna kionjo tu cha sekunde kumi na tano ambacho msanii alicheza Instagram akiwa moja kwa moja, nyingine ni ya wimbo ambao tunajua tu kwamba upo kwa sababu prodyuza fulani aliutaja. Nyimbo nyingi hata hazina jina. Mashabiki ndio wanazibatiza, na mmoja unaweza kuwa na majina manne, kila grupu na lake, na watu wanaitana wajinga usiku kucha kwa sababu ya hilo.

Nilipenda sana. Siwezi kukudanganya. Kazi yangu ilikuwa kusikiza matoleo mawili ya wimbo mmoja na kuandika ni sekunde ya ngapi yanatofautiana. Hapa kuna kikohozi, hapa wamekata. Hapa alisema neno hili, kwa albamu wakabadilisha. Nilikuwa na nidhamu ambayo chuoni hawakuwahi kuiona. Niliacha kozi yangu mwaka wa pili, karo ikiwa ndiyo sababu niliyowaambia nyumbani, lakini ile jedwali sikuikosa hata usiku mmoja. Laptopu ya HELB, iliyonunuliwa kwa ajili ya hesabu za biashara, ilijua Juice WRLD kuliko ilivyojua hesabu.

Na kuna kitu huwa hakisemwi kuhusu hawa watu: wengi ni wapole. Hawauzi chochote. Ni msee wa Brazil na mwingine wa Ufilipino na mimi wa Nairobi, saa tisa usiku, tunajadili kama hiyo sauti ya nyuma ni yake ama ni ya mtu mwingine. Albamu za baada ya kifo zilipoanza kutoka, ile ya Julai 2020, ya Desemba 2021, na ya Novemba 2024 iliyotangazwa kuwa ya mwisho, sisi tulikuwa tunazijua nyingi za hizo ngoma tayari. Tulikuwa tunakaa pale kama wazee wa mtaa, tunasema hii wameongeza mgeni asiyehitajika, hii wamekata ubeti, hii waliiharibu.

Shika hilo neno, waliiharibu. Tutalirudia.

Sasa, ngoma inavujaje? Watu wanafikiria kuna jini fulani ndani ya kompyuta. Hapana bana. Njia ni za kawaida sana. Injinia wa sauti ana kila kitu kwenye diski yake, na siku amekosana na bosi ama amekosa kodi ya nyumba, anajua bei ya kile alichonacho. Prodyuza anatumia neno la siri moja kwa barua pepe, Dropbox na kila kitu kingine, na linapatikana. Msanii anamtumia mwenzake biti aongeze ubeti, mwenzake anamchezea demu wake, demu anarekodi na simu. Na kuna ile njia ambayo sisi Wakenya hatuhitaji kufunzwa: mdukuzi anapiga simu kampuni ya laini ajifanye ni wewe, namba yako inahamishiwa kwa laini yake, na kila ujumbe wa kuthibitisha unamwendea yeye. Ujanja ule ule uliommalizia shangazi yako pesa za M-Pesa ndio hufungua sanduku la nyimbo za prodyuza wa Atlanta.

Ikishaibwa, ngoma haitupwi bure mtandaoni. Inauzwa. Na hapa ndipo utaona kumbe Wakenya hatukubuni chama peke yetu. Muuzaji anaweka sekunde kumi kuthibitisha kwamba anayo. Anataja bei, labda dola elfu kadhaa. Hakuna shabiki mmoja aliye na hizo pesa, kwa hivyo watu wanachanga, huyu tano, huyu hamsini, kuna mtu anaandika orodha, na bei ikifika wimbo unanunuliwa na kufunguliwa kwa wote. Mimi nilichanga dola tano mwaka 2020, kama mia tano na kitu, kupitia mtu aliyekuwa na PayPal. Nilihisi kama nimesimamisha ukuta wa kanisa. Mara ya pili nilichanga dola kumi na mweka hazina akapotea nazo. Hakuna katiba, hakuna muhuri, hakuna hata sura ya mtu wa kumtafuta. Siku hizi ni mbaya zaidi kwa sababu mtu anaweza kuunda sauti ya msanii kwa akili unde, na mwaka 2023 kuna mashabiki wa Frank Ocean waliouziwa nyimbo ambazo hakuwahi hata kuziimba, kwa maelfu ya dola. Nilicheka niliposoma hiyo, kisha nikakumbuka dola zangu kumi.

Ona sasa pesa zinaenda wapi. Mwaka 2022 kijana wa miaka 23 kutoka Ipswich, Uingereza, alifungwa miezi 18. Alikuwa ameingia kwenye akaunti za wasanii mtandaoni, akachukua nyimbo mbili za Ed Sheeran na kumi na mbili za Lil Uzi Vert, akaziuza kwa sarafu za kidijitali. Polisi walipofungua vifaa vyake walikuta nyimbo 1,263 ambazo hazijatoka, za wasanii 89. Alikuwa ametengeneza pauni 131,000. Mwaka 2025 huko Marekani, injinia wa zamani wa studio ya Eminem alishtakiwa kwamba aliuza ngoma za bosi wake ambazo hazikuwa zimetoka, na sehemu ya wanunuzi walikuwa mashabiki waliochanga. Mashabiki! Watu wanaojiita familia ya msanii. Tunachanga ili mwizi alipwe halafu tunaandika "tunakupenda" chini ya picha ya aliyeibiwa.

Nikisema hivi, kuna msee hapo tayari ameanza kuniandikia kwamba bila wakusanyaji, historia ya muziki ingepotea. Na hajakosea, ndiyo maana hii kitu ni ngumu. Bob Dylan alirekodi nyimbo na wenzake mwaka 1967, hazikutoka, na mwaka 1969 zingine zikaanza kuuzwa kichinichini katika santuri iliyofungwa kwa jalada jeupe lisilo na maandishi. Watu waliipenda mpaka kampuni yake yenyewe, miaka mingi baadaye, mwaka 1991, ikaanza kutoa mfululizo rasmi wa nyimbo za namna hiyo. Prince naye alikuwa na albamu nyeusi tii iliyokuwa itoke Desemba 1987. Dakika za mwisho akaamuru isitoke, na nakala karibu nusu milioni zikatakiwa kuharibiwa. Chache zilipona. Zikanakiliwa na kunakiliwa mpaka ikawa moja ya nyimbo za magendo zinazojulikana zaidi duniani, na mwaka 1994 ikatoka rasmi. Alipokufa Aprili 2016 bila wosia, aliacha chumba cha chini ya nyumba kimejaa kanda, na sasa warithi na mawakili ndio wanaoamua ni nini tusikie. Yeye mwenyewe alikuwa na miaka thelathini ya kuamua na hakuzitoa. Kwa hivyo nani amemsikiza Prince zaidi, yule aliyeharibu nakala alivyoambiwa ama yule aliyeficha moja chini ya kitanda? Mimi kama mkusanyaji najua jibu ninalolitaka. Sina hakika ndilo la kweli.

Na hata hapa kwetu, tuseme ukweli, mziki ulifika mtaani kwa njia za panya. Mimi nilijazwa memori kadi kwa duka la muvi, shilingi ishirini, nyimbo mia mbili, hakuna mtu aliuliza mwenye wimbo anapata nini. Nganya inakuja na miksi ya DJ yenye ngoma mbili tatu ambazo hazijatoka, na hiyo ndiyo sifa ya nganya. Wasanii wengine wanavujisha wenyewe, wanajifanya wamekasirika, wanapiga kiki wiki nzima kisha wanatoa video. Hao siwahesabu. Aliyejiibia hajaibiwa.

Lakini ngoma ikivuja kweli, inaweza kumkatia msanii barabara. Chukua Playboi Carti. Mwaka 2019 kuna wimbo alioshirikishwa na Young Nudy ulivuja. Hawakuweza kuutoa kwa sababu kulikuwa na kipande cha wimbo wa Kijapani ndani yake ambacho hawakuruhusiwa kukitumia. Mtu asiyehusika akaupakia Spotify kwa jina la uongo, na ukapanda mpaka namba moja kwa orodha ya nyimbo zinazosambaa Marekani kabla haujaondolewa. Wimbo haujatoka lakini uko namba moja, na hela zinamwendea mtu ambaye hakuimba hata neno. Watu walingoja albamu yake iliyofuata mpaka Krismasi ya 2020, na ngoma nyingi walizokuwa wanaziimba njiani hazikuwa ndani. Mashabiki walewale waliozimaliza zikiwa mbichi ndio waliolalamika kwamba hazipo.

Sasa nifike pale nilisema nitafika.

Niko na mshikaji, tulikua ploti moja. Jina lake silisemi, ameshasemwa vya kutosha. Anarap. Studio yake ni bedsita yenye trei za mayai na godoro kuukuu ukutani, na maikrofoni aliyonunua kwa mkopo wa simu. Usiku mmoja mwaka juzi, saa tisa, akanitumia faili kwa WhatsApp, akaituma kama dokumenti ili sauti isipungue, kwa sababu mimi ndiye nilimfunza hivyo. Akaandika: "Skiza uniambie ukweli. Ni yako tu."

Mamake alikuwa amezikwa wiki iliyotangulia. Ubeti wa kwanza ulikuwa wa mamake. Ubeti wa pili ulikuwa wa babake, aliyehama akaanza familia nyingine mama akiwa mgonjwa. Alimtaja kwa lile jina la utani ambalo mtaa mzima unamjua nalo. Alitaja na gereji yake. Hakutukana, na afadhali angetukana. Aliuliza tu maswali, moja baada ya lingine, na katikati sauti inakatika, unasikia amesogea mbali na maikrofoni, kisha anarudi.

Nilisikiza mara sita. Nilikuwa nimesikiza maelfu ya ngoma ambazo hazijatoka, za watu wakubwa duniani, na hakuna iliyonifanyia vile.

Asubuhi akanipigia. Akasema, "Ule ubeti wa mzee nautoa. Nilikuwa natapika tu. Usijali, hautoki." Nikamwambia ni ubeti mkali sana. Akasema anajua, lakini mzee amerudi kuongea nao tangu mazishi, na ameanza kulipia dadake mdogo karo. Nikamwambia sawa.

Siku nne baadaye nikauweka kwenye grupu.

Grupu ilikuwa na watu 43. Wakenya wote, wakusanyaji kama mimi. Kuna mmoja alikuwa amesema wasanii wa hapa hawana kitu cha maana cha kuvuja, na mimi nikaona moto. Nikaweka faili, nikaandika juu yake kwa herufi kubwa: USISAMBAZE. Unajua kuandika "usisambaze" kwa Telegram ni kama kuandika "usikojoe hapa" kwa ukuta. Inaonyesha tu watu mahali pa kukojolea. Kwa nusu saa nilikuwa mfalme. Kila mtu anauliza, umeitoa wapi? Na mimi nacheka, siwaambii.

Wiki mbili baadaye niliisikia kwa matatu. Niliketi kiti cha nyuma, spika iko chini ya miguu yangu, na miksi ikaingia ule ubeti wa pili, si wa kwanza, wa pili, kwa sababu ndio mkali. Makanga alikuwa anaujua neno kwa neno. Nilishuka kabla ya stendi yangu.

Dadake alikuwa Form Two. Alirudi nyumbani kwa likizo fupi na rafiki zake walikuwa wameiweka kwa status za WhatsApp. Babake aliisikia gerejini, vijana wanaomfanyia kazi wakiwa wameiweka, sijui kama walijua ni yeye anayeimbwa ama walijua ndiyo maana wakaiweka. Mmoja wao ndiye aliyeniambia vile mzee alifanya. Alipangusa mikono kwa kitambaa, akaenda akazima spika mwenyewe, akachukua jaketi, akaenda nyumbani. Ilikuwa saa nne asubuhi. Karo ya msichana bado analipa, lakini siku hizi anaituma shuleni moja kwa moja. Simu za kijana wake hashiki.

Mshikaji wangu alijua ni mimi bila kuuliza. Faili ile alikuwa amemtumia mtu mmoja tu. Alikuja kwangu, nikadhani amekuja kunipiga, na nilikuwa tayari kupigwa, tena ningefurahi. Akasimama mlangoni.

"Ulinisikia nikikuambia hautoki?"

"Nilisikia."

"Sawa."

Akaenda. Tulimaliza miezi minne bila kuongea.

Hapo katikati mambo yalizidi. Mtu fulani asiyejulikana aliichukua ile demo akaipakia kwa majukwaa ya muziki kupitia zile huduma za kusambaza nyimbo ambazo hazimwulizi mtu mengi. Akaiwekea picha ya simba. Kwa hivyo mshikaji alipomaliza wimbo wake halisi na kuupakia, mtambo ukamwambia yeye ndiye mwizi, kwamba hii sauti ina mwenyewe. Ilimchukua wiki tano kuthibitisha kwamba sauti yake ni yake. Kwa sheria ya Kenya hakuwa na haja ya kuthibitisha kitu, Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inakulinda tangu siku umerekodi, uwe umetoa wimbo ama hujautoa, na kusajili kwa KECOBO ni hiari ya mtu. Lakini mtambo ulioko ng'ambo haujui KECOBO. Unajua tu nani alifika kwanza. Kama unarekodi, na unasoma hii, sajili hata demo, na uweke tarehe kwa kila kitu. Hilo ndilo la maana zaidi ninaloweza kukupa hapa.

Wimbo halisi ulitoka. Hakuandika ubeti mwingine wa pili. Ameacha biti ipige yenyewe, gitaa tu, mpaka korasi ya mwisho. Nadhani ni wimbo mzuri kuliko demo. Huwezi kuamini vile nilichelewa kukubali hilo, na ni lazima niulize kama ningekubali kama sikujua habari za gereji.

Kwa sababu nenda usome watu wameandika nini pale chini. "Ubeti wa pili uko wapi?" "Nani ako na OG?" Na mmoja, sijui ni nani, labda ni mmoja wa wale 43: "Ile ya kwanza ilikuwa moto. Hii waliiharibu."

Miaka mitano nimeandika hilo neno. Nimeandika kuhusu Juice WRLD, ambaye hawezi kujibu. Mamake yuko hai, alianzisha mfuko wa kusaidia vijana wenye matatizo ya akili na uraibu mwaka 2020, na kuna ngoma ziko kwa diski yangu ambazo kijana wake anasema vitu ambavyo pengine asubuhi yake alimwambia prodyuza, toa hiyo, nilikuwa natapika tu. Sitawahi kujua ni zipi. Nilikuwa nafikiria demo ni wimbo wenye sauti mbaya. Sasa nafikiria ni mtu ambaye hajaamua.

Sijaacha kusikiza. Ukifika kwangu jioni utazikuta zinacheza, na kuna moja ya mwaka 2018, haina jina rasmi, ambayo nikiisikia narudi Desemba ile na kile kioo cha simu kilichopasuka. Nimeacha kubadilishana, nimetoka kwa grupu, sichangi. Si kwa sababu nimekuwa mtakatifu. Kila nikitaka kubofya kutuma, naona mzee anapangusa mikono.

Tulirudi kuongea na mshikaji mwezi wa Aprili. Yeye ndiye aliyenitafuta, eti laptopu yake imekataa kuwaka, nimsaidie. Nikamsaidia. Tukanywa chai. Nikamwambia nataka kuifuta ile faili mbele yake, aone nikiifuta. Nilikuwa nimeifungua tayari.

Akasema niiache. Yake aliifuta kwa hasira, na ile ya simba iliondolewa, na zile za mtandaoni zimekatwakatwa na kuongezwa vitu na madj. Iliyo nzima imebaki yangu peke yake. "Mzee akitaka kuongea kuihusu siku moja," akasema, "pengine tutahitaji kuisikiza tukiwa wawili. Weka. Usimpe mtu."

Kwa hivyo wewe uliyeniandikia Jumanne, ukaniahidi elfu mbili, na Jumatano ukapandisha ikawa tatu: ndiyo, niko nayo. Hapana.